Mama Fundi Aliyetazama Nguo

Nilikuwa natafsiri filamu ya mambo ya kale, yenye farasi, ngome na malkia anayefiwa na mume. Kibanda chetu cha video pale Bwera, mpakani, kilikuwa kimejaa. Malkia alikuwa ameiangukia maiti, analia, nami kwenye kipaza sauti nilikuwa nimeilegeza sauti yangu mpaka ikawa kama ya mwanamke. Wanaume wazima waliotoka sokoni Mpondwe walikuwa wameinamisha vichwa. Katikati ya kilio kile mtu akacheka. Kilikuwa kicheko kirefu cha mwanamke aliyejaribu kujizuia akashindwa. Watu waligeuka kwa hasira. Alikuwa Mama Fundi, mshonaji jirani yetu, amekaa karibu na mlango kwenye kigoda chake, amejifunika uso kwa upindo wa kitenge.

Filamu ilipokwisha nilimfuata barazani pake kumuuliza kilichomchekesha. Alijibu bila kuinua macho kwenye cherehani.

"Baba, ile malkia iko na zipu mu mugongo. Mu siku zile zipu ilitoka wapi?"

Nilirudi nikaiweka filamu tena nikiwa peke yangu, na kweli, malkia alipoinama, zipu iling'aa kutoka shingoni hadi kiunoni. Nilikuwa nimeitafsiri filamu hiyo mara nyingi, na kila mara nilikuwa nikimlilia yule mwanamke kwa dhati. Tangu siku hiyo nilianza kutazama nguo.

Tulikuwa majirani kwa sehemu kubwa ya miaka ile ya elfu mbili na kumi. Baraza lake la ushonaji na kibanda changu viligawana ukuta mmoja wa mbao, kwa hiyo yeye alisikia filamu zote hata zile ambazo hakuja kuzitazama, nami nilisikia cherehani yake chini ya kila kisa cha mapenzi nilichokisimulia. Alikuwa ametoka ng'ambo ya mpaka, upande wa Beni, kama walivyotoka wengi waliokuwa wakifanya biashara mtaani kwetu. Jina lake nililijua, ila hakuna aliyelitumia, nami sitalitumia hapa. Wateja walimwita Mama Fundi, na yeye aliniita Baba Sauti.

Kwa mtu aliyejali nguo kiasi kile, yeye mwenyewe alivaa vibaya. Alikuwa na magauni mawili ya kitenge yaliyochuja rangi, na juu yake sweta ya kiume ambayo hakuivua hata jua la Bwera lilipokuwa linachoma mabati. Wasichana waliomletea picha za sketi fupi aliwakemea kama mama mkwe, akawauliza kama mama zao wanajua, kisha akawashonea sketi hizo fupi na za kubana vilevile walivyotaka, bila kuongeza hata kidole kimoja cha kitambaa. Nilipomwambia kwamba matendo yake na maneno yake hayapatani, alisema mdomo wake ni wa kanisa lakini mikono yake ni ya kazi.

Alikuwa na historia yake ya sinema. Alianza kuijua akiwa msichana Butembo, kwenye misheni ambako padri mmoja mzee alikuwa akitundika shuka ukutani kila Jumapili baada ya ibada na kuonyesha filamu za zamani zisizo na rangi. Yule padri alipenda kueleza mambo, na Mama Fundi ndiye aliyesikiliza. Padri alimweleza kwamba katika filamu zile nguo nyeupe haikuwa nyeupe, kwani nyeupe kamili ilipiga kamera machoni kama jua juu ya bati. Kwa hiyo mafundi waliitia nguo ya bi harusi kwenye maji ya chai, ikawa na rangi ya mchanga, na kwenye shuka ikaonekana nyeupe safi. Nguo nyekundu nayo, katika filamu za mwanzo kabisa, ilitoka nyeusi kama ya msiba, hata kama aliyeivaa alikuwa anacheza dansi.

Jambo hilo la chai lilimkaa moyoni maisha yake yote. Alilisimulia kwa maharusi wanaokuja kupimwa, na wengine waliondoka wakiogopa kwamba atayachovya magauni yao.

Historia hiyo aliigawa kwa vipindi vyake mwenyewe. Kulikuwa na wakati wa kofia, ambapo hata mwizi hakuingia kuiba bila kofia. Kukaja wakati wa kiuno, wanawake wakafungwa mpaka wakashindwa kupumua, na yeye aliamini kabisa kwamba wale waigizaji waliozimia walikuwa wanazimia kweli. Ukafuata wakati wa mabega makubwa, kisha suruali zinazofagia barabara. Filamu za Nigeria, ambazo wateja wangu walizipenda kuliko zote, aliziita sinema za kichwa, kwa sababu ya vile vilemba vikubwa vinavyokaa kama nyumba. Aliweza kuingia kibandani katikati ya filamu asiyoijua, akatazama mkono wa blauzi mmoja tu, akakuambia ni ya enzi gani. Alikosea mara kadhaa, na akikosea aliilaumu filamu.

Kulikuwa na jambo moja tu aliloniomba mara kwa mara. Mteja akimletea picha ya gauni la kwenye filamu ashonewe kama hilo, Mama Fundi alipita upande wangu kuniuliza yule mwanamke aliyelivaa anaishia wapi. Nikimwambia anaachwa, au anakufa, basi halishoni. Namkumbuka msichana mmoja wa Bwesumbu aliyeshuka mlimani na shangazi zake kwa ajili ya harusi. Alitaka gauni la rangi ya dhahabu alilokuwa ameliona kwangu wiki iliyopita, na mvaaji wa gauni lile alitiliwa sumu siku ya harusi. Mama Fundi hakumwambia kitu. Alimsifu kwa macho yake ya kuchagua, akampima taratibu, kisha akamgeuza kwa maneno kidogo kidogo mpaka msichana akajiona yeye mwenyewe ndiye aliyependekeza rangi ya maziwa na mikono ya lesi. Alipoondoka, nilimuuliza kwa nini asimweleze tu.

"Mutoto anaenda ku ndoa," alisema. "Mi nimujaze woga ya nini?"

Mtu angeweza kudhani ni ushirikina. Mimi niliona ni huruma ya mtu anayejua jinsi maisha yanavyoweza kugeuka, ingawa wakati huo sikujua alikotoa ujuzi huo.

Tulikuwa na filamu nyingi za vita, nazo zilileta watu wengi. Mwanajeshi wa kwanza akitokea kwenye televisheni, Mama Fundi alisimama, akachukua kigoda chake, akatoka. Hakutoka kwa kishindo. Alisimama nje akitazama barabara mpaka milio ya risasi iishe, na mara nyingine hakurudi kabisa. Hata askari wa kweli waliopita Bwera kwenda mpakani hakuwashonea. Walipomletea suruali iliyochanika aliwaambia sindano yake imevunjika, nao walikwenda kwa fundi mwingine. Wote tuliliona hilo. Watu waliotoka ng'ambo walikuwa na mambo yao, na adabu ya mtaa wetu ilikuwa kutouliza.

Kisha akaja Bwambale. Alikuwa kijana mwalimu wa sekondari kule Kasese, mwenye kamera ya kuazima na kikundi cha vijana wenzake waliotaka kutengeneza filamu yao. Alinifuata mimi ili kuazima jenereta yangu. Alinieleza kisa chake palepale barazani pa Mama Fundi: familia moja ng'ambo ya mpaka, wanaume wenye sare za jeshi wanafika jioni, wanapiga mlango teke, wanaingia. Alikuwa anatafuta fundi wa kushona sare hizo, kwa sababu za kweli raia haruhusiwi kuwa nazo. Mama Fundi alikuwa anasikia yote. Nilimtazama nikingoja asimame atoke.

Hakusimama. Aliusimamisha mguu wake juu ya pedali na kumuuliza Bwambale nani anafungua mlango. Bwambale akarudia kwamba mlango unavunjwa.

"Hapana," alisema Mama Fundi. "Habavunje. Bwana wa nyumba anabafungulia."

Halafu alitueleza, kwa sauti ileile aliyotumia kusema bei ya kupandisha pindo. Wanaume walifika kwake kabla jua halijazama. Mume wake alichungulia dirishani akaona sare za serikali, akasema ni watu wetu hao, akafungua. Yeye mwenyewe alikuwa jikoni, kibanda cha nyuma, akaona kila kitu kupitia nafasi za miti. Akaona pia jambo ambalo mume wake hakuliona, kwamba mikono ya zile sare ilikuwa mirefu, inafunika vidole, na mabega yameanguka. Hazikuwa zimeshonwa kwa ajili ya wale waliozivaa. Zilikuwa za askari waliokufa.

"Hakufungulia batu, baba," alimwambia Bwambale. "Alifungulia manguo."

Upande wa pili wa ukuta filamu ilikuwa inaendelea bila mfasiri na wateja walikuwa wameanza kunipigia kelele, lakini sikuweza kuondoka. Mwishowe Mama Fundi alisema atazishona sare hizo kwa sharti moja, kwamba mikono iwe mirefu, na kamera ikae hapo kwenye mikono kabla mlango haujafunguliwa. Alitaka watazamaji wajue kabla mwenye nyumba hajajua. Bwambale alikubali. Nadhani ndipo alipoelewa filamu yake inahusu nini.

Alizishona akiwa amefunga mlango, jambo ambalo hakuwahi kulifanya. Alinunua kitambaa cha kawaida cha pamba, akakitia rangi ya kijani, kisha akatandaza majani ya majimbi juu yake na kupaka kahawia pembeni, ili madoa yatoke makubwa kuliko ya sare ya jeshi lolote. Aliamini hilo litatosha kutuepusha na matatizo. Vijana walipokuja kuzijaribu walicheka wakaipepea mikono ile kama mabawa ya ndege. Mmoja wao aliomba ya kwake ipunguzwe, akasema ataonekana mjinga. Mama Fundi alimkunjia kola vizuri na kumwambia aizoee. Usiku wake wa kazi sikuujua, ila mchana nilisikia cherehani ikienda kidogo, ikinyamaza muda mrefu, ikienda tena.

Tulikwenda kupiga picha Maliba, kwenye shamba la mjomba wa Bwambale, nyumba ya udongo iliyojitenga kati ya kahawa na migomba. Mwenyekiti wa kijiji alikuwa ameturuhusu na watu wa karibu walikuwa wameambiwa. Lakini wakati ule wilaya nzima ilikuwa na wasiwasi wa mashambulizi ya watu wenye silaha, na hakuna aliyefikiria kuomba ruhusa kwa jeshi. Asubuhi ilikwenda vizuri. Walipiga sehemu za ndani ya nyumba, Mama Fundi akiwa nje na uzi na sindano, akiwaandaa vijana wa sare. Mchana waliwapanga wale vijana wapande njia kuelekea nyumbani.

Mwanamke mmoja alikuwa anashuka njia hiyohiyo na mzigo wa maharage kichwani. Alikuwa ametoka kumtazama mama yake kijiji cha juu, hakuwa na habari ya filamu. Alipokata kona aliwaona wanaume wenye sare wanamjia. Hakupiga kelele mara moja. Alitupa mzigo, akageuka, akakimbilia kwenye mteremko wa kahawa, akaanguka, akabiringika mpaka kwenye mtaro, na huko ndiko alikolia. Kilio kile kilipita mlimani kutoka nyumba hadi nyumba. Tuliona watu wanabeba watoto na kukimbia kupanda juu. Bwambale alisimama na kamera yake akiita kwa Lhukonzo, lugha ya pale, kwamba ni mchezo, ni mchezo tu, lakini nani angerudi kuthibitisha.

Yule mwanamke alikuwa amevunjika mkono. Sisi ndio tuliomtoa mtaroni, na vijana ilibidi wavue mashati kwanza kabla hajakubali kuguswa. Wanajeshi walifika jioni, wakatupakia sote, wakatupeleka Kasese.

Ofisa aliyetuhoji alikuwa mtu wa makamo, hakuwa mkali kuliko ilivyompasa. Alituketisha chini, akaziweka sare zote mezani na kuuliza nani alizishona. Bwambale alianza kusema ni wazo lake. Mama Fundi alinyanyuka.

"Afande, ni mimi."

Ofisa alilichukua shati moja akaligeuza. Aliuliza ni jeshi gani hilo lenye mikono mirefu hivi. Mama Fundi alimweleza, yote, mume, dirisha, mikono, mpaka sababu ya kutaka watazamaji waone mapema. Ofisa alisikiliza mpaka mwisho. Aliliweka shati chini taratibu.

"Mama, mimi naelewa wewe," alisema. "Lakini ule mama ya Maliba hakuona mikono. Aliona nguo."

Nilikuwa nimekaa karibu na Mama Fundi. Niliona maneno hayo yanavyomwingia. Alikaa chini, akavuta sweta yake mbele kama aliyeingiwa na baridi, na siku zote tulizokaa ndani aliishikilia hivyohivyo. Paroko wetu na mwenyekiti wa Maliba walituombea, tukaachiwa kwa onyo. Sare zilichomwa uani tukiwa tunatazama. Rangi aliyoitumia iliwaka kwa moshi mweusi.

Alipotoka, kazi yake ya kwanza ilikuwa gauni. Lilikuwa la kitenge kizuri kuliko vyote alivyokuwa navyo, na mkono wake wa kushoto aliushona mpana sana, wenye vifungo kutoka begani mpaka chini, ili upite juu ya plasta bila mvaaji kuinua mkono. Aliniomba nimsindikize Maliba. Mume wa yule mwanamke alitupokea uani kwa heshima, akatuletea viti, kisha akaingia ndani na kukaa huko muda. Aliporudi alisema mkewe anashukuru kwa gauni, lakini hataki kumuona aliyeshona zile nguo. Alilipokea kwa mikono miwili. Tulikunywa chai yake, tukaaga. Njiani kushuka Mama Fundi alisema kitu kimoja tu, kwamba mwanamke yule ana haki.

Baada ya hapo hakuja tena kibandani. Aliihamishia cherehani yake upande wa mbali na ukuta wetu, akawa anashona sare za shule na majoho ya kwaya. Wasichana walipomletea picha za filamu aliwaelekeza kwa mafundi vijana. Macho yake yalianza kumsumbua na mwaka mmoja, mvua zilipoanza, alilifunga baraza akahamia kwa ndugu yake huko Kasese. Kibanda changu nacho hakikudumu. Kila mtu alikuwa na filamu zake kwenye simu, na sauti yangu haikuwa na mtu wa kumtafsiria. Nami nikahamia Kasese, nikafungua meza ya kuchaji na kutengeneza simu karibu na stendi ya teksi.

Hapo ndipo aliponikuta, asubuhi moja, akiwa na mfuko mmoja na sweta yake. Alikuwa amekonda. Alinisalimu akaniuliza habari za watoto, akaniambia anarudi Butembo kwa dada yake, anasubiri gari la Bwera lijae. Kisha akaniuliza kama ile filamu ya Maliba bado ipo.

Nilimwambia haikumalizika, na nikamkumbusha kwa upole kwamba zile sare zilichomwa. Alitikisa kichwa. Alisema hataki sare. Anataka ile ya asubuhi, ya ndani ya nyumba, ambayo hakuiona kwa sababu alikuwa nje.

Nilimpigia Bwambale. Alikuwa ameitunza, na akaituma kwenye simu yangu. Nilimwekea Mama Fundi benchi kivulini mwa mwavuli wangu, nikakaa kando yake, nikamshikisha simu.

Mwanamume amekaa mezani ndani ya nyumba ya udongo, anamenya ndizi iliyochemshwa. Amevaa shati la rangi ya haradali lenye kola pana na mifuko yenye vifuniko, na mshono mweupe unaozunguka pindo zote. Sikumbuki kama siku ile nililiona. Hakuna aliyemwagiza Mama Fundi nguo ya mwenye nyumba. Bwambale alidhani yule mwigizaji amekuja na yake.

"Hii nilimushonea mbele ya ndoa," alisema. "Niliitoa ku sinema ya misheni. Alizikwa nayo."

Akaniambia kwamba nyumba yao iliungua na picha zote zikaungua nayo. Kwa hiyo alilishona tena shati lile kutoka kichwani, vifungo na kila kitu, akampa yule kijana mapema asubuhi, akalibana kidogo kiunoni ili likae kama lilivyomkaa mumewe.

Kwenye simu, mwanamume alikula, akajifuta mkono, akacheka na mtu ambaye kamera haikumwonyesha. Nje, hodi ikapigwa. Akainua kichwa. Akaweka viganja mezani kama anayetaka kunyanyuka.

"Simamisha," alisema Mama Fundi.

Nilisimamisha. Alimtazama, uso ukiwa karibu sana na kioo kwa sababu ya macho yake.

"Muache akae," alisema.

Kondakta alianza kuita abiria wa Bwera. Hakugeuka, nami sikumharakisha. Kioo kilipofifia nilinyoosha kidole nikakigusa, kikawaka tena, na yule mwanamume alikuwa bado amekaa.